Vigo inalia mkanda: pima puli ya altaneta kabla hujanunua altaneta nzima

Dada mmoja wa Ifakara ana Hilux Vigo ya dizeli, injini 1KD, anabebea mchele na mizigo ya duka. Asubuhi akiwasha mkanda unalia, akizima inasikika kra-kra-kra upande wa mbele wa injini, mkanda kashabadilisha mara mbili na kelele inarudi baada ya wiki chache. Fundi wa kwanza kamwambia altaneta (mashine inayochaji betri) imekufa anunue nyingine. Wa pili kasema ni puli tu, na kwamba anaweza kumfungia puli ngumu ya kawaida mambo yakaisha. Anachouliza: je puli inabadilishwa peke yake, na je yeye na mdogo wake wenye sanduku la spana nyumbani wanaweza kuifanya wenyewe?

Ndio dada, puli inatoka peke yake na inauzwa peke yake, na kwa dalili hizo ulizotaja hela yangu ningeiweka kwenye puli kabla ya altaneta. Nyumbani inafanyika pia ila kuna kifaa kimoja ambacho kwenye sanduku lenu hakimo, nitakifikia. Kwanza nakuomba msianze na spana, anzeni na kupima, maana mkanda unalia kwa sababu nyingi na karibu zote zinatoa sauti ile ile.

Ujue kwanza umefungiwa nini mle. Injini ya dizeli hata ukiisikia imetulia haizunguki sawasawa, kila silinda ikiwaka krenki (shafti kuu ya injini) inasukumwa kwa nguvu halafu inapunguza kasi kidogo mpaka nyingine iwake, na kwa silinda nne hiyo inatokea mara mbili kila krenki ikizunguka mara moja. Sasa altaneta ndani ina rota, dude zito la chuma na waya wa shaba, na kwa kuwa puli yake ni ndogo kuliko ya krenki inazunguka karibu mara mbili na nusu mpaka tatu ya mwendo wa injini. Kitu kizito kinachozunguka kasi hivyo hakipendi kupunguzwa ghafla, kwahiyo kila krenki ikipunguza kasi rota inataka iendelee na kasi yake, mkanda unavutwa huku na huku, tenshena (kile kinachokaza mkanda) inarukaruka, na mwisho wa siku mkanda ndio unaolaumiwa. Ndio maana kwenye 1KD Toyota waliweka puli yenye klachi ndani. Inafanya kazi kama friwili ya baiskeli, ukikanyaga pedali inashika, ukiacha gurudumu linaendelea lenyewe. Mkanda ukivuta puli inashika rota, mkanda ukipunguza puli inaachia rota izunguke zake.

Hii puli inakufa kwa namna mbili na hapa ndipo mafundi wengi wanapotea. Inaweza kukwama, yaani klachi haiachii tena, imekuwa kama puli ngumu, ile isiyo na klachi, na hapo unapata hizo kelele zako, mkanda kulia asubuhi, tenshena kucheza, kra-kra wakati wa kuzima kwasababu injini inasimama ghafla na rota inagoma kusimama nayo. Au inaweza kuteleza pande zote, puli inazunguka na mkanda vizuri kabisa lakini rota ndani imekaa au inajikokota, taa ya betri inawaka kwenye dashibodi, betri haichaji, na fundi akipima umeme anakuta haupo anasema altaneta imeungua. Haijaungua, haizungushwi. Altaneta nzima kabisa nyingi zimeuzwa chuma chakavu kwa staili hii.

Kupima sasa. Gari ikiwa imewashwa na imetulia, fungua boneti uangalie mkono wa tenshena kwa macho tu, mikono na nguo zinazoning'inia mbali, kanga na mtandio acha ndani kabisa. Mkono wa tenshena ukiwa unatetemeka kidogo ni kawaida, ukiwa unapiga kama unataka kuchomoka kuna kitu. Halafu mkanda ukiwa unalia nyunyizia maji kidogo upande wenye mistari: kelele ikipungua halafu ikarudi baada ya muda mfupi, mara nyingi puli mojawapo haiko kwenye mstari mmoja na wenzake, kelele ikizidi ina maana mkanda unateleza, yaani tenshena imelegea au kuna puli inabana.

Kisha zima, toa funguo, subiri injini ipoe, toa mkanda. Kabla ya kuutoa piga picha na simu jinsi ulivyopita, usijiamini, mkanda mmoja unaopita kwenye puli zote hizo unasahaulika ndani ya dakika tano. Tenshena inasogezwa kwa spana taratibu, usiiachie ghafla ikarudi yenyewe. Mkanda ukishatoka zungusha puli ya altaneta kwa mkono, ukiwa umesimama mbele ya gari unaiangalia. Ukizungusha kulia, kama mshale wa saa, lazima usikie uzito, rota inakuja nayo. Ukirudisha kushoto lazima iwe nyepesi, puli inazunguka peke yake na rota imebaki. Ikiwa nzito kulia na nzito kushoto imekwama. Ikiwa nyepesi pande zote klachi imekwisha. Ikishika kulia na kuachia kushoto vizuri bila kukwaruza, basi puli yako ni nzima dada na mimi na wewe tutafute tatizo kwingine. Kuna gari puli yake ikizungushwa upande wa kushika inasikika kama ina springi ndani, inavuta kidogo halafu inarudi, hiyo ni aina nyingine inaitwa dekapla, nayo ni sawa kabisa ila ukinunua nunua ya aina hiyo hiyo, usichanganye.

Na hapo hapo mkanda ukiwa nje zungusha puli nyingine zote, ya tenshena, aidla (puli ya kuongoza mkanda tu), pampu ya maji, kompresa ya AC. Yoyote inayokwaruza au inayocheza kushoto kulia iandike. Inauma kubadilisha puli ya altaneta halafu ukakuta ilikuwa beringi ya aidla.

Kitu kimoja naomba usimruhusu mtu akufanyie: kuchomoa terminali ya betri injini ikiwa inaunguruma eti anapima kama altaneta inachaji. Naijua hii, iko kila gereji ya chini ya mwembe, na kwenye gari za zamani watu walikuwa wanaponea chupuchupu. Vigo ina kompyuta ya injini na sindano za umeme, betri ndio inayotuliza umeme wa altaneta, ukiichomoa volti zinaruka na unaweza kuua dayodi za altaneta au hiyo kompyuta. Multimita ya bei ndogo tu inakupa jibu: betri iliyolala usiku bila kazi iwe karibu na 12.6, gari ikiwaka iwe kati ya 13.5 na 14.7 hivi.

Haya, umepima, puli imekwama. Sasa kifaa. Hii puli haina nati kwa mbele kama za altaneta za zamani, yenyewe puli ndio imekatwa meno ndani na imejifunga kwenye shafti kama nati. Ukitoa kile kifuniko cheusi cha plastiki cha mbele utaona mduara wa meno madogo madogo mengi, kwa kawaida 33, na katikati kabisa kichwa cha shafti chenye tundu la nyota. Unahitaji vitu viwili vinavyoingia kwa pamoja, soketi yenye meno 33 inayoshika puli, na biti ya kuingia kwenye shafti inayopita katikati ya hiyo soketi. Biti inaweza kuwa nyota ya pembe sita T50, au ile ya meno kumi na mbili M10, na hizi mbili zinafanana kwa mbali halafu ukiingiza isiyo yenyewe inakaa kwa kulegea na unaharibu tundu. Kwahiyo safisha tundu kwanza, toa udongo na grisi kwa kitambaa na sindano, piga picha ya karibu, hesabu pembe, ndio uende dukani. Vinauzwa kama seti ndani ya kiboksi chenye biti za aina tofauti, kwa Dar wauza vifaa vya mafundi wa Kariakoo na Gerezani wanavyo, ukiwaambia soketi ya puli ya altaneta ya klachi wanaelewa. Kama hutaki kununua kitu utakachotumia mara moja, azima kwa fundi umeme wa magari anayefungua altaneta kila siku.

Altaneta kuitoa si kazi kubwa ila ina sehemu moja ya hatari. Waya mnene wa nyuma ya altaneta, ule wenye kofia ya mpira, unatoka kwenye betri moja kwa moja na una umeme muda wote hata funguo iwe mfukoni mwako. Spana ikigusa ile nati na bodi kwa wakati mmoja inapiga cheche za kuunguza mkono na waya. Kwahiyo hasi ya betri inatoka kwanza kabla ya kitu chochote, na gari ikiwa na betri mbili hasi zote mbili. Halafu ndio waya mnene, halafu plagi ya waya nyembamba, ina kilimi cha kubonyeza, usivute kwa waya maana plastiki ya gari ya umri huu inavunjika kama biskuti. Halafu bolti zinazoshika altaneta. Mara nyingi bolti zimetoka zote na altaneta bado imeng'ang'ania, hiyo ni bushi ya kwenye sikio lake inayobana breketi, itingishe kushoto kulia itatoka. Usiipige nyundo, masikio ni aluminiamu. (Wenye dizeli za zamani, 2L, 3L, 5L, nyuma ya altaneta zenu kuna pampu ya vakyumu ya breki yenye paipu za oili, na puli yenu ni ngumu yenye nati, hii habari ya klachi haiwahusu.)

Sasa kufungua kwenyewe. Unaingiza soketi ya meno 33 kwenye puli, biti katikati kwenye shafti, hakikisha zote mbili zimekaa mpaka mwisho, sio nusu. Shafti ndio inashikwa isizunguke, puli ndio inazungushwa, na inafunguka kushoto kama nati ya kawaida ukiwa unaiangalia kwa mbele. Watu wanachanganyikiwa hapa, wanasema mbona video moja inaonyesha anazungusha kulia, ukiangalia vizuri yule anashika puli na anazungusha shafti kulia, ambayo ni kitu kile kile. Mkiwa wawili ni rahisi, mmoja anashika biti na racheti ndefu, mwingine anavuta soketi kwa spana. Ukiwa na jiliwa ni bora zaidi: bana biti kwenye jiliwa ikiwa imesimama, na soketi umeshaipitisha humo, lala altaneta kifudifudi juu yake puli ikiangalia chini, mmoja aitulize altaneta, mwingine avute soketi. Mkiifanya hivi angalieni upande tena kabla ya kuvuta maana altaneta imepinduliwa na kichwa nacho kinapinduka. Kama unavuta unasikia inazidi kukaza, simama, fikiria upya.

Ikigoma weka mafuta ya kulegeza kutu, kidogo tu katikati, uache hata saa zima. Usipige moto. Ndani mle kuna sili na beringi, na nyuma kuna regyuleta na dayodi, moto ukipita kwenye shafti unaharibu vitu ambavyo vilikuwa vizima. Na usithubutu kuchomeka bisibisi kwenye matundu ya altaneta kuzuia feni ya ndani ili rota isizunguke, hii ndio njia ya mkato ninayoichukia kuliko zote, feni ni bati jepesi na waya wa shaba uko pale pale jirani, ukikata varnishi ya waya sasa kweli utanunua altaneta nzima. Bunduki ya upepo kwenye hii ya klachi pia siipendi kwa kufungia, ile ya kugonga-gonga inaumiza klachi mpya na huwezi jua umekaza kiasi gani. Kwa kufungua puli iliyokufa tayari sina ugomvi nayo sana, mradi biti yako ni ya chuma kizuri, za bei chee zinakatikia ndani ya shafti na hapo ndio utanikumbuka.

Puli ikitoka zungusha shafti kwa vidole, isikie beringi ya mbele. Inatakiwa iwe laini, kimya. Ikikwaruza au ikicheza juu chini beringi inabadilishwa sasa hivi na sio mwezi ujao, na hiyo ni kazi ya fundi umeme, inahitaji kuvuta rota, mwambie aangalie na kaboni (brashi zinazopeleka umeme kwenye rota) kwa wakati huo huo maana altaneta iko wazi tayari.

Puli mpya ndio sehemu ya kuwa mkorofi. Nenda dukani na ya zamani mkononi, sio jina la gari. Hesabu mistari ya mkanda, pima upana na kipenyo, angalia urefu wa shingo ya nyuma, weka zote mbili mezani kando kando zikiangalia upande mmoja. Tofauti ya milimita mbili kwenye shingo inatosha kuutoa mkanda kwenye mstari na kelele ikarudi, safari hii ukiamini ni altaneta. Meno ya ndani ya uzi yafanane, jaribu kwenye shafti kwa vidole, iingie bila kulazimisha. Shika shingo yake kwa mkono mmoja uizungushe kwa mwingine, ishike upande ule ule ambao ya zamani ilitakiwa ishike. Kwa orijino, namba za Toyota za puli hizi huanza na 27415, na INA ni moja ya kampuni zinazotengeneza hizi puli. Feki zipo kibao zenye boksi zuri, nyingi nyepesi mkononi na hazina kifuniko. Isiyokuja na kifuniko usinunue. Altaneta yuzdi (iliyokwishatumika) ya kutoka Japani au Dubai nayo, ambayo fundi wa kwanza angekuuzia, inakuja na puli yake ya zamani iliyotembea kilomita usizozijua, kwahiyo ungeweza kulipa mara tatu na ukabaki na ugonjwa ule ule.

Kufunga ni kurudi ulikotoka, anza kwa vidole mpaka ikae, usiweke grisi kwenye uzi. Kukaza fuata karatasi ya kwenye boksi au kitabu cha matengenezo cha gari, nyingi za klachi zinataka kama newton mita 80 mpaka 85, wakati puli ngumu za nati kwenye Toyota nyingi ndogo za petroli ni 111, kwahiyo usichukue namba ya Toyota IST ukaiweka kwenye Vigo. Huna toki renchi (spana inayopima nguvu ya kukaza)? Mpini wenye urefu wa sentimita 40 kutoka katikati ya puli mpaka unaposhika, ukivutwa kwa nguvu ya kilo 20, unakupa karibu na 80. Mizani ya springi ya kupimia mazao inafanya hiyo kazi, na nadhani duka la mchele halikosi mizani.

Halafu kifuniko kipya cha plastiki kinabonyezwa mpaka kilie tik. Hiki watu wanakiona pambo. Klachi ya ndani ina grisi yake ya maisha na kifuniko ndio mlango, barabara zenu za vumbi kiangazi na matope masika, puli isiyo na kifuniko inakula mchanga na inakwama mapema sana. Ukifungua boneti na ukakuta kifuniko hakipo kwenye ya sasa, hapo umepata na sababu ya kufa kwake.

Kuhusu puli ngumu ya fundi wa pili. Itafunga, itachaji, na kelele inaweza hata kupungua wiki za mwanzo kwa sababu mkanda ni mpya. Lakini umerudisha kile kile kilichokuwa kinakula mkanda wako, maana puli ya klachi iliyokwama tayari ni puli ngumu, ndio ugonjwa wenyewe uliokuja nao. Utanunua mikanda na tenshena mpaka uchoke. Kama umekwama porini na hakuna nyingine, funga ufike, ila isiwe ndio matengenezo.

Mkimaliza rudisha mkanda kwa kufuata picha, kagua kwa tochi kila puli kwamba mistari yote imekaa, haijaruka mmoja, betri hasi iwe ya mwisho. Washa, angalia mkono wa tenshena, pima volti, halafu washa taa kubwa na AC upime tena, isishuke chini ya 13. Zima usikilize. Altaneta ikisikika inajizungukia sekunde moja mbili baada ya injini kusimama usishtuke, hiyo ni rota imeachiwa na klachi kama inavyotakiwa.

Na mkishindwa kuilegeza puli msihangaike mpaka muue tundu la shafti. Gari iacheni nyumbani, tia altaneta kwenye mfuko na puli mpya na kifuniko chake, panda boda mpaka kwa fundi umeme mwenye ile soketi, kwake ni kazi ya dakika chache, na ukae hapo hapo umwangalie asichomeke bisibisi kwenye feni.